Chumba cha Mama Armel

Christella alibonyeza kitufe na chumba kikatoweka, pamoja na kitanda chake.

"Rudisha," Évode alisema. Kikarudi. "Ondoa tena."

Évode, muuza mabati wa mtaa wa Gitega, alicheka mpaka akashikilia meza. Ilikuwa mwaka 1991, na ofisi ile ya wasanifu majengo mjini Kigali ndiyo kwanza ilikuwa imepata kompyuta ya kuchorea ramani. Christella, mchoraji wao, alimweleza: mchoro umegawanywa katika matabaka, kama karatasi za plastiki zinazopitisha mwanga, moja juu ya nyingine. Ukizima tabaka, kilichomo hakionekani. Lakini kipo.

"Safi kabisa. Kesho nakuja na mama wa nyumbani aone nyumba yetu ya Kicukiro. Akiwa hapa, chumba hiki uzime. Fundi akija, uwashe."

"Nikiandike jina gani?"

"Mama Armel." Akakonyeza jicho. "Na mlango wake uwe nyuma. Ukuta uwe mnene."

Mshenzi, Christella aliwaza, akaandika.

Kesho yake mama akaja: Illuminée, mwanamke mpole mwenye miwani. Alitaka jiko lenye dirisha kubwa.

"Utakavyo, chérie," Évode alisema, sauti laini kama ya katekista.

Chai ilipoletwa, Illuminée alimuuliza Évode anatia sukari vijiko vingapi, kisha akamkorogea mwenyewe.

Christella alishindwa kumtazama usoni. Mwanamke mwema hivi, na mumewe anamjengea hawara chumba nyuma ya ukuta wake!

Évode alipoingia kwa mkurugenzi kutia saini, Christella alifunga mlango.

"Mama, nisamehe. Kwa hili naweza kufukuzwa kazi. Lakini na mimi ni mwanamke. Tazama."

Akaandika amri. Programu ile ya zamani haikuwa na haraka na mtu. Ilichora upya mstari mmoja mmoja kwenye kioo cheusi: ukuta, mlango, kitanda. Maandishi yakaja mwisho.

Illuminée alisogeza miwani, akasoma. Akasoma tena.

"Pole sana, mama," Christella alinong'ona. "Unamfahamu?"

"Mama Armel? Ni marehemu mkewe," Illuminée alisema. "Jumapili Évode alinipeleka Ndera, tukaweka maua kwenye kaburi lake."

Christella alitazama mlango wa nyuma kwenye kioo: marehemu hahitaji mlango.