Nyati Wawili wa Maduhu

Maduhu aliing'ata stempu. Aliing'ata pembe ya chini kushoto, vijino viwili vya karatasi vikakatika, akavitema sakafuni. Akaigeuza, akang'ata kingine kimoja juu.

"We mzee," Constantine akasema kutoka nyuma ya kaunta, "njaa ya Sapiwi imefikia hapo? Nikuletee na chumvi?"

Foleni ikacheka. Maduhu hakucheka. Akailowesha stempu kwa ulimi, akaibandika kwenye bahasha. Ya pili akaitafuna vilevile.

"Anaiwekea dawa ifike," akasema Jenifer, muuza maandazi, na foleni ikacheka tena.

Constantine hakuwahi kuwa mtu wa posta. Alikuwa mwenye duka. Soko huria lilipoingia, kila kitu kikawa cha kugawiwa, na yeye akagawiwa uwakala wa barua: sanduku jekundu, mhuri wa tarehe, na stempu zenye picha ya nyati. Sabuni upande huu, betri upande ule, barua za watu katikati.

"Mbona hujagonga mhuri?" Maduhu akauliza.

"Nitagonga jioni, kabla ya gari. Unataka kunifundisha kazi?"

Barua yenyewe ilihusu ghala. Ghala la chama cha msingi cha wakulima wa pamba, kule kijijini Sapiwi. Nani aliyefyatua tofali zake? Mwaka wa sitini na tisa, Maduhu peke yake alifyatua mia nne, na udongo aliukanyaga kwa miguu hii hii. Sasa mnunuzi wa pamba kutoka mjini alilitaka, na kikaratasi kilikuwa kimebandikwa mlangoni: mwenye pingamizi aandike Dar es Salaam, kwa posta, ifike kabla ya tarehe thelathini na moja Julai. Atakayekaa kimya amekubali.

Sapiwi haikukaa kimya. Iliandika Aprili. Iliandika Mei. Kimya kilikuwa cha Dar es Salaam.

Na kila mara Constantine alikuwa na sababu yake. Ya Aprili: "Stempu haikutosha, mzee. Zimepanda. Barua yenye stempu pungufu inatupwa huko huko." Ya Mei: "Uliandika gazeti zima, uzito ukazidi. Ile ilitaka nyati wawili, wewe ukabandika mmoja."

Basi hii ya Juni ilipimwa mbele ya watu, na Maduhu akanunua nyati wawili.

"Sasa stempu ni sahihi?"

"Sahihi kabisa. Usipojibiwa hii, ujue wakubwa wamekudharau tu. Kubali yaishe, mzee wangu. Siku hizi kila mtu na chake."

"Kila mtu na chake," Maduhu akarudia taratibu, kama mtu anayekariri.

Nyumbani, mkewe Minza alimpokea kwa ulimi mkali.

"Wewe na walinzi wenzako wa sungusungu mlimfuata ng'ombe mmoja wa wizi mpaka Shishiyu, siku kumi na moja. Mkamtoa katikati ya zizi la watu. Leo unashindwa na karatasi?"

"Yule alikuwa na alama masikioni," Maduhu akasema, akaendelea kula.

Wiki ya kwanza, kimya. Ya pili, kimya. Ya tatu, mnunuzi akatuma mafundi kuja kupima milango ya ghala, wakapima wakipiga mluzi.

Tarehe ishirini na mbili Julai Maduhu akarudi dukani. Nyuma yake walisimama wanaume tisa wa Sapiwi, kila mmoja na bahasha yake mkononi.

"Mwangaluka," Maduhu akasalimia.

"Mwangaluka, mwangaluka!" Constantine akakenua. "Leo Sapiwi yote imejua kuandika? Mtanitajirisha. Barua za wapi?"

"Dar es Salaam. Nyati wawili wawili, kila mtu."

"Ndiyo maneno! Watu wakielimika wanajua stempu sahihi."

Safari hii hakuchana kutoka kwenye shiti. Aliingiza vidole kwenye kopo la majani ya chai, akatoa stempu moja moja.

Maduhu akapitisha kidole nyuma ya yake. "Hazina gundi."

"Gundi ile pale, kwenye kibakuli. Siku hizi mambo yote yamebadilika, na gundi nayo unaishangaa? Nyie watu mna maneno! Bandika, mpishe mwenzako."

Maduhu hakubandika. Aliwaangalia nyati wake wawili, akawatia mfukoni, akasogea pembeni. Akaja Mboje. Naye alipewa, akamwonyesha Maduhu. Maduhu akatikisa kichwa. Akaja Thomasi. Maduhu akatikisa kichwa.

"Mnakaguana nini?" Constantine akafoka. "Mnadhani nauza stempu za bandia? Hizi ni za serikali! Aliyeshindwa kununua atoke, anajaza duka!"

Hakuna aliyetoka. Josia. Mayala. Kichwa kikatikiswa.

Wa sita alikuwa Salu. Alipokea nyati wake wawili, akawatazama kidogo, akamnyooshea Maduhu. Maduhu akainua stempu moja kwenye mwanga wa mlango.

Pembe ya chini kushoto, vijino viwili havikuwepo. Juu, kimoja.

"Ndiye," akasema Maduhu.

Mboje akaufunga mlango wa duka kwa ndani. Salu akaipasua bahasha yake, na ndani hamkuwa na barua: mlikuwa na filimbi ya sungusungu.