Jina Kwenye Kioo

Kosa langu nalikiri mapema: mimi ndiye niliyemwonyesha Crisóforo Manríquez chumba cha mchora majina. Mengine alijitakia.

Sinema kumi na moja alizitunga yeye, pale Mexico City, na zote kumi na moja zilianza kwa jina moja: Wenceslao Barragán, mtunzi na mtengenezaji. Don Wenceslao hata haya hakuona.

"Wewe una kichwa, mimi nina jina," alimwambia mbele ya studio nzima, huku akitafuna taco. "Manríquez! Hilo si la kuweka kwenye sinema, bwana. Kalibandike kwenye dawa ya minyoo."

Watu wakavunjika mbavu. Crisóforo naye akacheka, meno tu.

Ya kumi na mbili ilimhusu mchuuzi aliyeuza mahindi ya msaada wa wenye njaa. Don Wenceslao akamgeuza mchuuzi kuwa jenerali, akamtia kovu shavuni, akampandisha farasi mweupe.

"Jenerali wa nini tena, Don Wence?"

"Nani anakulipa? Andika, ukalale."

Jumatano, siku mbili kabla ya onyesho la kwanza, Crisóforo akaingia kwa mzee Epigmenio, anayechora kwa brashi, juu ya kioo, majina yanayotangulia sinema. Akaweka mezani saa ya marehemu baba yake.

"Mtunzi niweke mimi. Yeye mtoe kabisa."

Alikuja na maneno mengi ya kubembeleza. Hayakuhitajika. Epigmenio aliisukuma saa, akamrudishia.

"Haya. Nenda nyumbani."

Ijumaa ukumbi ulifurika. Crisóforo alikaa na mama yake, Doña Tomasa, aliyejitanda rebozo mpya. Taa zikazimwa. Jina likatokea peke yake, likajaa pazia zima.

"Ukoo wetu huo!" mama alipiga kelele, machozi yanamtoka. "Hebu mwoneni mwanangu!"

Kisha akatokea jenerali mwenye kovu, juu ya farasi mweupe, akiuza mahindi ya wenye njaa. Watu wakaangua vicheko, kisha vikafifia kimoja kimoja. Watu wakaanza kutazama viti vya mbele.

Crisóforo akamgeukia Epigmenio, aliyekaa nyuma yake. "Don Wenceslao yuko wapi?"

"Yuko Veracruz, anasubiri meli. Sijui kuna nini." Mzee akasogeza mdomo sikioni. "Jina lako aliniletea mwenyewe tangu Jumatatu. Akasema nilichore kubwa."

Mbele, mtu akasimama, taa ya sinema ikammulika kovu la shavuni. Hakuna asiyemjua: Jenerali Ocaranza, yule aliyempiga Don Wenceslao kofi hadharani kwenye mchezo wa ng'ombe. Mkono wake ulikuwa kiunoni, kwenye bastola.

"Samahanini," aliuliza kwa upole kabisa. "Bwana Manríquez ni nani hapa?"

Doña Tomasa akaukamata mkono wa mwanawe, akauinua juu.

"Mama," Crisóforo alinong'ona, "ushushe."