Upande wa Mama

Tangu mama azikwe, gari lilikuwa likilala upande wa kushoto nyuma, pale pale alipozoea kukaa. Mzee Kisebengo akawafukuza mafundi. "Liacheni. Linaomboleza."

Bintiye, Zamda, hakubishana naye. Asubuhi moja alilipiga jeki, akaliwekea magogo, akajilaza chini yake na tochi mdomoni. Mfuko wa hewa unaolibeba gari upande ule aliupaka maji ya sabuni, haukutoa hata kiputo; haukuwa umetoboka. Ila ile sensa inayoliambia gari limesimama kimo gani ilikuwa imeliwa na kutu, kijiti chake kimekwama juu.

"Kumbe unadanganywa," aliliambia gari. "Unadhani umeinuka, ndiyo maana unajishusha."

Boliti zilizoishikilia zikagoma. Akazimwagia mafuta, akazigonga, akazirudia tena na tena mpaka vidole vikachubuka, zikalegea. Akafunga sensa mpya, akalishusha gari kutoka kwenye magogo, akawasha injini. Gari likajiinua taratibu, likasimama sawa.

Baba yake, aliyekuwa akitazama kutoka kizingitini, akageuza uso.

"Baba, bado sijalijaribu. Nataka mtu akae pale nyuma."

"Mwite jirani."

"Nimekuita wewe, baba."

Mzee alisita, kisha akaja na mkongojo wake, akaingia upande wa mama. Gari likainama kwa uzito wake, likatulia kidogo, halafu likamwinua.

"Basi, limepona. Unaweza kushuka."

Mzee hakushuka. Aliweka mkongojo kati ya magoti, akaushika mlango, akaubamiza kwa nguvu, vile vile alivyokuwa akiubamiza mkewe.