Kioo cha Bi Kazija

Siwema alikuwa kifua wazi mbele ya kioo, mkono mmoja juu, akijipapasa titi kama muuguzi alivyomfundisha, mama yake alipoingia na mchi wa kinu.

"Unalitafuta hilo gonjwa?" Bi Kazija alifoka. "Mama yangu alilitafuta, likaja. Dada zangu wakalitafuta, likaja!"

"Lilikuwamo tayari, mama. Walichelewa tu kulio..."

Mchi ulitua kiooni. Vipande viliruka mpaka kitandani. Bi Kazija akapiga tena na tena, na Siwema alipomshika kiuno, mama alimbwaga ukutani kama gunia. Kisha akaanza kuvipondaponda vile vipande kwa kiganja kitupu, huku akilia, hadi damu ikamchuruzika kiwikoni.

Siwema alijifuta damu mdomoni, akachana kanga, akamfunga mama mkono.

"Twende hospitali. Mkono huu unataka kushonwa."

"Mkono tu. Usinizungushe, mtoto wewe."

"Mkono tu, mama."

Baada ya kushonwa, walipita mbele ya chumba cha kupimia saratani ya matiti. Siwema akasimama. Muuguzi wa mlangoni alitazama mdomo wake uliovimba, akatazama bendeji ya mama.

"Nani anaanza?"

Siwema akapiga hatua. Bi Kazija akamdaka bega kwa ule mkono wenye bendeji, akamvuta nyuma kwa nguvu zilezile za nyumbani, akasimama yeye mahali pake kizingitini akichungulia ndani, na duara jekundu likaanza kutanuka kwenye kitambaa cheupe.