Wimbo wa Kumi na Nne

Jedidah alichomoa waya wa spika kwa mkono wake mwenyewe kabla wimbo wa kumi na nne haujaanza.

"Kumi na tatu zinatosha," alisema. "Huu ufutwe."

Nizar, fundi wa sauti, alimtazama Marion. Studio ilikuwa gereji nyuma ya nyumba ya Nizar huko Queensbury, London, na kwa wiki tatu humo ndani walikuwa wakisafisha kanda za Kamande na Jedidah, wale wawili wa kofia pana na buti, walioimba kantri kwa Kiswahili mpaka wachunga ng'ombe wa Nakuru wakajiona wako Marekani. Albamu ilikwisha pewa jina: Nyimbo Bora za Kamande na Jedidah. Ilingoja sahihi ya Jedidah tu, maana Kamande hawezi kutia yake. Hana hata kaburi.

"Anti, huo ndio wimbo wenyewe," Marion alisema. "Ndio wa siku aliyochukuliwa baba."

Kanda hiyo aliipata kwa mzee mmoja wa Nakuru aliyeishonea ndani ya godoro akailalia miaka karibu arobaini. Jedidah hakujua kama ipo.

Habari za siku yenyewe zilijulikana. Mwaka wa themanini na sita Kamande alitunga wimbo wa ng'ombe mmoja anayekunywa maji ya kundi zima, na wakubwa, ambao hawajawahi kuelewa shairi lolote, hilo walilielewa upesi. Wakatuma askari kanzu Jumapili alasiri, kwenye ukumbi alimokuwa akipiga. Walikuja na jina, hawakuwa na picha. Wakakuta wimbo wa mwisho, nao ulikuwa na desturi yake: wanamuziki hushuka jukwaani, kila mtu hushika mabega ya aliye mbele yake, na ukumbi wote huwa treni moja inayozunguka ikiimba. Watu themanini, kofia themanini. Kamande ni nani? Waliuliza mlangoni, wakauliza kaunta. Hakuna aliyefungua mdomo. Watu wa siku hizo walikuwa watu.

Lakini kuna mmoja aliyemwonyesha. Na aliyekuwa nyuma ya Kamande kwenye treni, mikono mabegani mwake, alikuwa Jedidah.

Miezi mitatu baadaye Jedidah huyo huyo akapewa pasipoti, wakati wenzake wanasimamishwa kwenye maji ya seli hadi magotini. Akaja London kuuguza wagonjwa hospitalini Lewisham, akamleta na mtoto wa marehemu, Marion, wa miaka minne, asiye na mama. Wapo Wakenya wa kanisani kwake ambao mpaka leo wakimwona hubadilisha benchi.

"Mimi nilikuwa kwa nyanya, Molo," Marion alisema. "Wewe ndiye uliyeniambia. Kwa hiyo sina mwingine wa kumuuliza. Nani alimwonyesha?"

"Mtoto wangu, yameshapita."

"Kila nikikuuliza unakimbilia jikoni kupika chapati. Nimekula chapati za kutosha, Anti."

Nizar alikohoa. "Mama Jedidah, mashine za siku hizi zinamenya sauti kama kitunguu. Nimewaondoa waimbaji wote. Maikrofoni ilikuwa juu ya meza ya soda, na hapo mezani kuna watu wanaongea. Sijasikiliza mpaka mwisho, haki ya Mungu. Nimesikia tu mwanamume anauliza jina."

Jedidah aliketi. Alikuwa na miaka sabini na miwili, na magoti yaliyokwisha kwa kuwainua watu wasio wake.

"Nizar, una watoto?"

"Wawili, Mama."

"Basi futa."

"Asifute!" Marion alisimama. "Mkubwa wa wale askari ana pensheni. Ana shule yenye jina lake, ana wajukuu wanaosoma Kanada. Baba ana nini? Ana nyimbo kumi na nne, basi. Na wewe, wewe wa mabegani, unataka kumnyima moja!"

Treni ya chini ya ardhi, ambayo Queensbury hupita juu ya ardhi, ilipita nyuma ya ua ikaenda zake.

"Ni mimi," Jedidah alisema.

Marion alimgeukia.

"Nilimgonga begani mara mbili, wakaona. Haya, umelipata. Liweke kwenye jalada la albamu. Niandike msaliti kwa herufi kubwa, na picha yangu chini yake, wa kanisani wafurahi. Nitatia sahihi sasa hivi. Nipe kalamu. Ila wimbo huo ufutwe, Marion. Nakuomba. Sijawahi kukuomba kitu."

Marion alikuwa amelibeba shtaka hilo tangu yuko sekondari. Alikuwa akidhani siku akilisikia kwa mdomo wa Jedidah ataanguka. Hakuanguka. Aliinama, akaurudisha waya wa spika mahali pake.

"Kama ni wewe," alisema, "nataka kukusikia. Nizar, bonyeza."

Jedidah aliruka kuelekea mezani. Magoti hayakumfikisha.

Nizar alibonyeza.

Watu themanini walikuwa wamemenywa. Kilibaki kishindo cha nyayo zao sakafuni, na mlio wa chupa ikifunguliwa. Kisha mwanamume, mpole kama mwalimu wa chekechea: "Fanta, sivyo? Haya kunywa, mrembo. Sasa niambie, Kamande ni yupi kati ya wale wote?"

Na sauti ya mtoto, imejaa fahari: "Baba ni yule anayenipungia mkono."