Zeituni na Kokwa Yake

"Meza!" aliamuru mzee aliyeigiza baba.

Evanthia, mwigizaji wa Athene mwenye miaka arobaini, akameza zeituni.

"Unameza kama kwa hiari yako!" mwongozaji alifoka. "Kwenye filamu hii koo la binti linatii amri ya baba tu, si yake mwenyewe. Rudia!"

Evanthia akatia zeituni nyingine mdomoni. Nyuma ya kamera, mama yake mzazi, aliyemletea makaroni ya oveni kutoka nyumbani, alishindwa kuvumilia.

"We Evanthia, hebu meza huko, chakula kinapoa!"

Koo likapanda, likashuka. Zeituni ilikwenda na kokwa yake.

"Msizime kamera," mwongozaji alinong'ona. "Mama, njoo ukae kwenye kiti cha baba."

Mama akaketi, akachota makaroni, akamnyooshea bintiye.

Evanthia aliutazama mlango. Mdomo wake ulikuwa umeshafunguka wenyewe, kabla mama hajaamuru.