Kitovu cha Pili

Siku hizo mahakama haikuuliza hati. Fidia ya shamba lililotwaliwa na serikali alilipwa yule ambaye kitovu chake kilizikwa humo, na mashine ndiyo iliyokitambua. Kihiyo alikuwa amehangaika na kesi miaka sita. Mashine iliponusa chini ya mchungwa na kutamka, "Kihiyo, mwana wa Chausiku!" alirukaruka kama ndama. Mama yake alipiga vigelegele hadi hakimu akacheka.

Mashine ikasogea hatua tatu. "Mwana wa Chausiku. Mkubwa wa huyu. Yu hai."

"Mama," Kihiyo akauliza, kicheko kingali mdomoni, "si ulisema mimi ndiye kifungua mimba?"

Bi Chausiku alimgeukia hakimu. "Mheshimiwa, shamba lichukueni bure. Hiyo mashine tu, izimeni."